Kabureta ya pikipiki ndogo: isafishwe, ibadilishiwe vifaa vya ndani, au inunuliwe mpya?

Pikipiki inawaka kwa choki tu. Ukirudisha choki, inazima. Au inawaka bila shida, ila ukiilaza usiku mmoja, asubuhi unakuta doa la petroli sakafuni na harufu imejaa. Fundi wa kwanza anasema isafishwe. Wa pili anasema vifaa vya ndani vimekwisha. Wa tatu haifungui hata: tupa hiyo, funga mpya. Si lazima kuwe na mwongo kati yao. Kila mmoja anatibu ugonjwa aliouzoea, na wewe umebaki katikati hujui umsikilize nani.

Kabureta, kifaa kinachochanganya petroli na hewa kabla ya kuingia kwenye injini, huugua kwa njia tatu. Inaweza kuwa chafu, yaani tundu fulani limeziba. Inaweza kuwa na mpira uliochoka: oringi, gasketi, ncha ya sindano ya boya (kizibo kidogo kinachofunga petroli boya linaponyanyuka ndani ya bakuli la chini). Na inaweza kuwa na chuma kilicholika: pistoni ya kabureta (si ya injini, ni ile inayopanda na kushuka unapopiga resi) inacheza ndani ya nyumba yake, au mrija wa sindano ndefu umepanuka. Kusafisha hutibu la kwanza. Seti ya vifaa hutibu la pili na kipande cha la tatu. Kabureta mpya hutibu yote matatu, lakini huja na kazi yake ambayo muuzaji haitaji. Fedha nyingi hupotea pale dawa ya ugonjwa mmoja inapopewa mwingine.

Kabla hujashika bisibisi

Nimeshafungua kabureta safi kabisa mara mbili kwa pikipiki moja, kumbe ugonjwa ulikuwa kwenye kifuniko cha tanki. Kile kifuniko kina tundu dogo la kuingizia hewa. Likiziba, petroli inashuka kwa muda kisha inagoma. Pikipiki inazima baada ya kilomita chache, ukiiacha ipumzike inawaka tena kana kwamba haikuwa na neno. Siku inapozima, fungua kifuniko papo hapo. Ukisikia hewa inavutwa ndani kwa mluzi na pikipiki ikawaka, rudisha spana kwenye boksi.

Kisha angalia petroli inayofika. Chini ya bakuli la kabureta kuna skrubu ya kumwagia. Fungua koki ya tanki, legeza skrubu hiyo, kinga kwa chupa ya kioo. Petroli itoke mfululizo. Ikidondoka kwa matone baada ya ile ya mwanzo kuisha, shida iko juu ya bakuli: koki, kichujio, mpira wa mafuta uliojikunja, au sindano ya boya iliyonata. Iache chupa itulie dakika chache uitazame kwenye mwanga. Maji hukaa chini ya petroli kama shanga za kioo, na kutu ya tanki hulala chini kama vumbi jekundu. Ukiviona hivyo, tanki lisafishwe kwanza, la sivyo kabureta utaisafisha kila wiki.

Bado kuna hewa ya wizi, ile inayoingia kati ya kabureta na injini kupitia mpira wa manifoldi uliopasuka au gasketi iliyokauka. Pikipiki ikiwa kwenye silensa (inanguruma yenyewe, hupigi resi), nyunyiza maji kidogo kwenye maungio. Mlio ukibadilika, umeipata. Wapo wanaonyunyiza petroli au dawa ya kusafishia kwa kazi hiyo hiyo, juu ya injini ya moto. Maji yanatosha.

Plagi, kichujio cha hewa na mwanya wa valvu pia vinastahili jicho. Valvu iliyobana hufanya injini ikatae silensa ikishapata moto, na kabureta ndiyo inayolaumiwa.

Kusoma dalili kwenye mkono wa resi

Bandika kipande cha tepu kwenye mkono wa resi na kingine kwenye kichwa chake kisichozunguka, uweke alama za robo, nusu na robo tatu. Endesha. Angalia pikipiki inasumbua mkono ukiwa wapi.

Kati ya kufungwa kabisa na robo, anayefanya kazi ni jeti ndogo (jeti ni kijiti cha shaba chenye tundu linalopima petroli) pamoja na vitundu vyake na skrubu ya mchanganyiko, ile ya kurekebisha petroli na hewa ya silensa. Kati ya robo na robo tatu, ni sindano ndefu inayoning'inia kwenye pistoni na mrija inaopita ndani yake. Robo ya mwisho ni ya jeti kubwa. Mipaka hiyo inaingiliana kidogo, lakini inatosha kukuonyesha chumba cha kubisha hodi.

Shida ikiwa chini, karibu kila mara ni uchafu, kwa sababu jeti ndogo ndiyo nyembamba kuliko zote. Kwenye jeti za kampuni ya Keihin na nakala zake nyingi, namba iliyochongwa inakaribia kipenyo cha tundu kwa sehemu za mia za milimita. Jeti ya 38 ina tundu la kama milimita 0.38. Chembe unayoiona kwa tabu kwenye kidole inaliziba. (Jeti nyingi za kampuni ya Mikuni huhesabiwa kwa kiasi cha mafuta yanayopita, kwa hiyo usilinganishe namba za kampuni moja na za nyingine.) Shida ikiwa katikati, pikipiki inakunywa mafuta, plagi imejaa masizi meusi na jeti zote ni safi, hapo waza kulika: sindano na mrija vimesuguana tangu pikipiki itoke kiwandani.

Dalili moja haingoji mjadala. Ukichomoa kijiti cha oili ukakuta oili imepanda na inanuka petroli, sindano ya boya imeshindwa kufunga na petroli imemwagikia ndani ya injini. Usiiwashe. Rekebisha mvujo, mwaga oili yote, weka mpya, ndipo upige kiki.

Nitakavyozipima

Kila njia nitaiuliza maswali yale yale: inatibu nini, inataka vifaa na mkono wa namna gani, inachukua muda gani, mahali gani mtu huharibu zaidi, utalazimika kutega upya (kurekebisha skrubu zake hadi injini itulie) au la, na inamfaa nani. Bei sikuipa kichwa chake kwa sababu mpangilio haubadiliki sana: kusafisha ni rahisi kuliko vyote, seti inafuata, kabureta halisi ya kiwandani iko juu kabisa. Kinachovuruga mpangilio huo ni nakala mpya, ambayo wakati mwingine hukaribiana na seti nzuri. Hapo ndipo watu hushawishika.

Njia ya kwanza: kuisafisha

*Inatibu nini.* Uchafu, na uchafu peke yake. Petroli ikikaa miezi kwenye bakuli, sehemu zake nyepesi huvukiza na kinachobaki hugeuka utandu wa kahawia unaonata. Petroli yenye ethanoli hunyonya pia unyevu wa hewani, na ukiwa humo ndani kwa muda utakuta unga mweupe kwenye mwili wa kabureta na ukijani kwenye shaba. Vyote hivyo vinatoka kwa kusafisha. Mpira uliokufa haufufuki kwa dawa yoyote.

Kuna kusafisha kwa nusu ambako watu hukudharau: kumwaga petroli ya bakuli, kubadilisha ya tanki, kuweka dawa ya kuchanganya na petroli na kuendesha. Kwa pikipiki iliyosimama wiki chache, hiyo inaweza kutosha. Kwa iliyosimama mwaka, unajichelewesha.

*Vifaa na mkono.* Spana ndogo, bisibisi, dawa ya kusafishia kabureta, hewa ya kompresa au hata pampu, miwani ya macho, na sahani yenye kingo ya kuwekea vidude. Miwani si urembo: dawa ukiipuliza kwenye tundu moja hutokea kwenye jingine, na hilo jingine mara nyingi linakutazama usoni. Fanya kazi nje au penye upepo, mbali na moto wowote, maana mvuke wa petroli ni mzito kuliko hewa na hutambaa chini kwenda kutafuta cheche.

Skrubu za bakuli zina hila. Pikipiki nyingi za Kijapani, na nyingi zilizoigwa kwazo, zina skrubu za nyota za kipimo cha Kijapani, mara nyingine zikiwa na nukta ndogo kichwani. Bisibisi ya nyota ya kawaida inaingia lakini haikai vizuri. Ukikaza mkono inaruka na kuila ile nyota. Skrubu ikigoma, usishindane nayo. Igonge kichwani mara mbili tatu kwa mpini wa bisibisi inayoenea vizuri, kisha sukuma kwa nguvu kuliko unavyozungusha.

*Muda.* Mara ya kwanza, nusu siku na picha nyingi za simu. Baada ya hapo ni saa moja au mbili.

*Mahali pa kuharibu.* Hapa nina kovu. Jeti ndogo ya pikipiki yangu iliziba. Niliinyanyua kwenye mwanga wa taa nikaona giza tupu. Nikachukua waya wa chuma uliotoka kwenye brashi, nikasukuma, nikazungusha, nikaona nuru, nikafurahi. Pikipiki ikawaka kwa kiki moja. Lakini silensa ikawa na moshi mweusi, na tanki lililokuwa likinichukua wiki likawa haliimalizi. Nilikuwa nimelipanua tundu kwa chuma, na shaba haina ubavu mbele ya chuma. Jeti hiyo ninayo mpaka leo, haina kazi. Tumia uzi mmoja uliochambuliwa kutoka waya laini wa umeme, au mshipi mwembamba wa kuvulia samaki, baada ya kuiloweka jeti kwenye dawa. Mwisho itazame tena kwenye mwanga: duara liwe kamili, bila kivuli upande mmoja.

Kosa la pili ni kupuliza dawa kila kitu kikiwa bado mahali pake. Dawa kali huvimbisha mipira. Kama kabureta yako ni ya kiwambo, ile ambayo pistoni yake hainyanyuliwi na kebo bali na mvuto wa hewa kupitia mpira mpana mwembamba, toa huo mpira kwanza na usiuguse na dawa. Kosa la tatu ni kusahau vitundu vya mwili wenyewe. Jeti zinang'aa, lakini tundu dogo lililo karibu na ukingo wa pistoni, upande wa injini, bado limeziba. Puliza kupitia njia ya jeti ndogo huku umeziba nyingine kwa kidole, uisikie hewa ikitokea kule.

Ukiwa na mwenye mashine ya kusafishia kwa mawimbi ya sauti, zile zinazotetemesha maji kwa takriban mizunguko elfu 40 kwa sekunde, mpe mwili wa kabureta ukiwa umetolewa kila kitu. Mashine hizo hufika mahali dawa haifiki. Ila sabuni kali mno huiacha aluminiamu ikiwa nyeusi, kwa hiyo anayeitumia awe anaijua.

*Kutega upya.* Kidogo. Kabla ya kutoa skrubu ya mchanganyiko, ifunge taratibu ukihesabu mizunguko mpaka ifike mwisho, uandike, ndipo uifungue yote. Ukirudisha kwa hesabu ile ile, hujapoteza kitu.

*Inamfaa nani.* Mwenye pikipiki iliyosimama muda mrefu, mwenye shida ya silensa na choki, na mwenye subira ya kupanga vidude kwa mstari. Haimfai anayevujiwa, isipokuwa mvujo wenyewe umetokana na chembe iliyokaa chini ya sindano ya boya. Hutokea, na hapo unahesabika umeponea.

Njia ya pili: seti ya vifaa vya ndani

*Inatibu nini.* Mpira uliochoka, na sehemu za shaba zinazolika. Seti ya kawaida huwa na gasketi ya bakuli, sindano ya boya, oringi, skrubu ya mchanganyiko na springi yake, jeti, na mara nyingine sindano ndefu. Hii ndiyo dawa ya mvujo. Toa sindano ya boya ya zamani, itazame ncha, kisha pitisha ukucha taratibu kutoka chini kwenda juu. Ukucha ukikwama kwenye mfereji wa duara, ndiyo imekwisha. Mpira umechukua umbo la kiti chake na haufungi tena. Ukucha ukiteleza vizuri na bado inavuja, chunguza kiti chenyewe na boya. Tikisa boya sikioni: likilia majimaji, limetoboka. Kama hulisikii, lizamishe kwenye maji ya moto uangalie mapovu.

Seti haitibu mwili uliolika. Shika pistoni ikiwa imefungwa ndani, itikise mbele na nyuma. Mchezo kidogo ni wa kawaida. Ikigonga kama mlango wenye bawaba mbovu, hewa ya wizi inapita pembeni na hakuna oringi itakayolizuia hilo. Viti vya sindano kwenye kabureta nyingi ndogo vimekandamizwa mwilini, havitoki. Unaweza kukisugua kwa pamba yenye dawa laini ya kung'arishia chuma, zaidi ya hapo umefika ukutani.

*Vifaa na mkono.* Vyote vya kusafisha, maana seti haiwekwi kwenye uchafu. Ongeza rula ndogo au kipimo cha vernia, na kitabu cha pikipiki yako kwa ajili ya urefu wa boya. Ongeza pia uangalifu: kidude kimoja kikipotea, umesimama.

*Muda.* Kusafisha pamoja na saa moja hivi. Kutafuta seti inayolingana kweli na kabureta yako ndiko kunakochosha. Nenda na kabureta mkononi, au angalau picha ya namba iliyochongwa mwilini, kwa kuwa pikipiki za jina moja na mwaka mmoja zinaweza kuwa na kabureta tofauti.

*Mahali pa kuharibu.* Jeti za seti za bei ya chini ndizo ninazozitilia shaka kuliko kitu chochote kwenye biashara hii. Namba imechongwa vizuri, tundu halifuati namba. Niliwahi kuziinua mbili kwenye taa, ya kiwandani na ya seti, zenye namba moja. Ya seti ilikuwa pana kwa macho matupu. Tangu siku hiyo nachukua mipira na sindano ya boya kutoka kwenye seti, na jeti za kiwandani narudisha kama ni safi na hazijakwaruzwa. Shaba haizeeki kwa kukaa.

Jingine ni ile oringi ndogo ya skrubu ya mchanganyiko. Kwenye kabureta ambazo skrubu hiyo iko upande wa injini, mpangilio huwa springi, washa, kisha oringi ndani kabisa. Ukitoa skrubu, springi inatoka nayo, lakini washa na oringi hubaki tunduni, vimenata. Fundi mwenye haraka anasukuma mpya juu ya za zamani. Skrubu haifiki inapopaswa, na utaitega mpaka jioni bila kuona tofauti. Ichomoe ya zamani kwa ndoana nyembamba kabla hujapuliza hewa, maana ikiruka hutaiona tena.

Kisha kuna urefu wa boya. Laza kabureta ubavu hadi ulimi wa boya uguse tu kile kipini chenye springi cha sindano, bila kukibonyeza, ndipo upime. Ukiigeuza juu chini na kuacha uzito wa boya ubonyeze springi, kipimo chako ni cha uongo. Baada ya kufunga, hakiki kwa mpira unaoona ndani: uchomeke kwenye mdomo wa kumwagia, uinue ukingo wake kando ya bakuli, fungua skrubu. Petroli itasimama kwenye mpira kwa kimo kile kile ilicho ndani. Ikipita maungio ya bakuli, itavuja tu hata sindano iwe ya dhahabu.

*Kutega upya.* Ndiyo, hasa ukibadilisha skrubu ya mchanganyiko au sindano ndefu. Kumbuka klipu ya sindano ilikuwa kwenye mfereji wa ngapi: kuipandisha klipu hushusha sindano na kupunguza mafuta, kuishusha huongeza.

*Inamfaa nani.* Mwenye kabureta halisi ya kiwandani ambayo mwili wake bado mzima. Mwenye mvujo. Mwenye pikipiki ya miaka mingi ambayo haijawahi kubadilishiwa mpira wowote, hata kama leo shida yake inaonekana kama uchafu. Ukishaifungua, gasketi ya zamani mara nyingi haikubali kurudi.

Njia ya tatu: kabureta mpya

*Inatibu nini.* Yote yaliyo ndani ya kabureta, na hakuna kilicho nje yake. Tanki lenye kutu litaichafua mpya kwa siku zile zile. Manifoldi iliyopasuka itavuta hewa ya wizi vile vile.

*Vifaa na mkono.* Kuifunga ni kazi nyepesi kuliko zote. Kuichagua ndiyo nzito. Pima kipenyo cha koo. Herufi na namba kama PZ26, PZ27 au PZ30 hutaja milimita kwa kukadiria tu. Pima umbali kati ya matundu ya bolti. Angalia choki iko upande gani na ni ya mkono au ya kebo, kifuniko cha juu kinakubali kebo yako, na mdomo wa nyuma unaingia kwenye mpira wa kichujio cha hewa.

Na usishawishike na koo kubwa. Giovanni Battista Venturi, Mtaliano, aliandika mwaka 1797 juu ya jambo linaloifanya kabureta ifanye kazi: kinachopita kwenye njia iliyobanwa hukimbia zaidi, na msukumo wake hupungua pale pale. Upungufu huo ndio unaonyonya petroli kutoka bakulini. Ukiweka koo pana kwenye injini ndogo, kwa mwendo wa chini hewa hupita kivivu, petroli hainyonywi vizuri, na pikipiki inasitasita kila unapotoka kwenye taa.

*Muda.* Saa moja kuifunga. Kuitega, kuanzia saa moja hadi siku kadhaa za kuendesha, kurudi, kutazama plagi na kuendesha tena.

*Mahali pa kuharibu.* Kuiamini kwa sababu imetoka kwenye boksi. Nakala mpya huweza kuja na unga wa kiwandani ndani ya njia zake, jeti ambayo haikukazwa, au boya lililopinda. Ifungue bakuli, puliza, kaza, pima, ndipo uifunge. Hii ndiyo kazi nyingine niliyoitaja mwanzo, na ukiitazama vizuri ni njia ya kwanza imerudi kwa mlango wa nyuma.

Kati ya halisi na nakala: halisi ina jeti zilizopimwa kwa injini yako, kwa hiyo huwaka na kukaa. Nakala ina jeti za wastani zilizokusudiwa injini nyingi. Nakala nzuri ikitegwa na mtu anayejua hufanya kazi miaka. Nakala mbaya hulika pistoni mapema, na mwakani uko pale pale. Kwenye boksi zote mbili zinang'aa sawa.

*Kutega upya.* Lazima. Iwashe ipate moto dakika kama kumi. Anza na skrubu ya mchanganyiko ikiwa imefunguliwa mzunguko mmoja na nusu kutoka mwisho. Hapa wengi hupotea: skrubu ikiwa upande wa injini, ni ya mafuta, na ukiifunga unapunguza petroli, ikiwa upande wa kichujio cha hewa, ni ya hewa, na ukiifunga petroli inazidi. Izungushe robo robo utafute mlio wa juu na laini kuliko wote, kisha shusha silensa kwa skrubu yake, urudie mara moja. Ukihitaji kuifunga ya mafuta mpaka mwisho ndipo itulie, jeti ndogo ni kubwa mno. Ukiifungua zaidi ya mizunguko mitatu na bado inataka petroli, ni ndogo mno au bado kuna uchafu. Anayeishi au kuendesha sana milimani ajue kwamba hewa huko ni nyepesi, na jeti kubwa iliyokuwa sawa karibu na bahari itatoa mafuta mengi kupita kiasi.

*Inamfaa nani.* Mwenye pistoni inayogonga, mwenye uzi wa skrubu uliokwisha mwilini, mwenye ufa, au mwenye kabureta iliyopitia mikono mingi hadi hakuna anayejua jeti zilizomo ni za nani. Pia anayetegemea pikipiki kila siku na hawezi kuilaza: mpya inafungwa leo, ya zamani inafanyiwa kazi taratibu na kuwekwa akiba.

Ukirudi kwenye pikipiki yako

Ilisimama miezi, sasa inataka choki muda wote: safisha, na usinunue kitu mpaka uone jeti ndogo kwenye mwanga.

Inavuja ikiwa imesimama: fungua bakuli, pitisha ukucha. Mfereji ukiwepo, seti. Usipokuwepo, chembe, boya au kiti.

Inatembea vizuri ila inakunywa mafuta kuliko zamani, jeti safi, kichujio cha hewa safi: badilisha sindano ndefu na mrija wake kama vinapatikana vya kuaminika. Pistoni ikigonga, usipoteze seti, nenda kwenye mpya.

Ni nakala ya bei ya chini na imeanza kusumbua baada ya muda mfupi: isafishe mara moja. Ikirudia, nakala nyingine au halisi ni busara kuliko seti, maana utakuwa unavisha nguo mpya mwili uliokwisha.

Ni kabureta ya kiwandani ya pikipiki ya zamani, na muuzaji anakupa nakala mpya kwa kubadilishana na hiyo: usimpe. Mwili wa zamani uliotengenezwa vizuri, wenye pistoni isiyocheza, ukipata mpira mpya unaweza kuipita ile inayong'aa.

Hujui hata uanzie wapi: mwaga bakuli kwenye chupa ya kioo. Dakika kumi, spana moja, na nusu ya maswali yatakuwa yamejibiwa.

Na kama pikipiki itasimama zaidi ya mwezi, funga koki ikiwa inanguruma, iache izime yenyewe, kisha legeza skrubu ya chini umwage kilichobaki. Bakuli kavu haliachi utandu.